Orodha ya Carama

Barua ilikuwa ya kurasa mbili, kwa Kifaransa. Sikuzani aliichapisha kwenye cyber ya mjini ili mumewe aione kwa macho yake. Seifu hakuwa msomaji wa Kifaransa. Aliishika karatasi kwa ncha za vidole kwa sababu mikono yake ilikuwa na grisi, akaitazama kutoka juu hadi chini, kisha akamrudishia.

"Nisomee penye hela."

"Hela iko chini. Juu wanasema Kerbois imeungana na kampuni ingine. Mi naona imemezwa."

"Kerbois ni nani tena?"

Kwa miaka mitatu alikuwa amemweleza mara nyingi, na mara zote Seifu alisikiliza kama mtu anayesikiliza habari za ukoo wa mtu mwingine. Kerbois ilikuwa kampuni ndogo ya Ubelgiji, watu sita tu, iliyoandika programu ya kompyuta iitwayo Carnet. Kazi yake ilikuwa kutunza orodha ya wagonjwa wa kifua kikuu: nani ameanza dawa lini, amefika mwezi wa ngapi, nani hakuja wiki hii. Programu ilikuwa huria. Mtu yeyote aliruhusiwa kuichukua bila kulipa, kuifungua aone ilivyoandikwa, kuirekebisha, na kumpa mwenzake. Sikuzani aliipata kwenye CD aliyopewa na padri mmoja, akaifasiri yote kwa Kiswahili na Kirundi, neno kwa neno, bila mshahara. Kwenye ukurasa wa mwisho jina lake liliandikwa pamoja na majina ya watu arobaini wa nchi ambazo hajawahi kuzikanyaga.

Zahanati nane za upande wa kaskazini wa Bujumbura ziliitumia. Kila Alhamisi Sikuzani alizunguka na disketi kutoka moja hadi nyingine, akiziunganisha orodha zao. Mwaka huo wa 2004 watu walikuwa bado wanakimbia risasi. Mgonjwa aliyeanza dawa Carama angeweza kulala Ngagara wiki inayofuata, na kwa sababu ya disketi zile muuguzi wa Ngagara alimkuta kwenye kompyuta kabla hajamaliza kujieleza.

Sasa Kerbois ilikuwa mali ya Tessandre, kampuni kubwa ambayo barua yake ilikuwa na nembo ya rangi mbili. Carnet itauzwa. Ile ya bure haitatunzwa tena, na mahali pake kwenye intaneti pamefungwa. Sikuzani alikuwa ametazama mwenyewe pale cyber. Palikuwa pamefungwa kweli, pamoja na ukurasa wa majina.

"Wanataka niwe mwakilishi wao hapa Bujumbura," alisema. "Dola mia na hamsini kwa mwezi."

Seifu alijifuta grisi kwenye suruali. Tangu malori ya tajiri wake yachomwe kwenye barabara ya Bugarama, alikuwa akiziba pancha kando ya njia pale Buyenzi. Pembe moja ya bati la nyumba yao ilitobolewa na vipande vya bomu lililoanguka kwa jirani, wakaifunika kwa sheeting ya plastiki. Na Khadidja, binti yao wa miaka kumi na mmoja, alikuwa amerudishwa nyumbani kutoka shule mara ya pili kwa sababu ya minerval, ile ada ya masomo. Alikaa mkekani karibu na bibi yake, akichambua maharage siku ya kazi, saa nne asubuhi.

"Na wao wanataka nini?" aliuliza Bibi Assia, mama yake Seifu.

"Nisaini kwamba maneno yangu yote ni yao. Halafu nipite zahanati zote nane, nitoe Carnet ya zamani, niweke ya kuuza."

"Na zahanati yenye haina hela ya kununua?"

Sikuzani aliikunja barua. "Hapo hawakuandika, Mama."

*

Ofisi ya Tessandre ilikuwa chumba kimoja katika nyumba ya ghorofa huko Kiriri, juu kabisa, mahali ambapo mtu anaona mji mzima na ziwa nyuma yake. Mlinzi alimtazama Sikuzani viatu vyake vyenye vumbi, akamwambia wanaotafuta kazi ya kufua wanapita mlango wa nyuma.

"Mi nina rendez-vous na Monsieur Maxime, ananingoja."

"Kila mutu ana rendez-vous, dada. Acha karata yako hapa."

Aliacha kitambulisho chake, akasimama juani karibu saa nzima. Gari mbili ziliingia, na mara zote mbili mlinzi alimwashiria asogee ukutani.

Maxime alikuwa Mrundi aliyesoma ng'ambo, kijana wa adabu. Alipomwona aliinuka, akaomba msamaha kwa kuchelewa, akamtolea Fanta. Kisha akamwekea karatasi mezani.

"Madame, tafsiri yako imesifiwa. Wamesema ni safi kuliko zote za Afrika."

"Waliosema wanajua Kiswahili?"

Maxime alitabasamu kidogo. "Sidhani."

Sikuzani aliisoma karatasi mstari kwa mstari, kisha akairudia. "Leseni ya zamani inasema kilichotolewa bure hakirudishwi. Nimeisoma mi mwenyewe. Zahanati zina haki ya kubaki na yenye wanayo."

"Ni kweli," alisema Maxime. "Hakuna anayewanyang'anya. Sheria haituruhusu."

"Sasa mbona mnasema itolewe?"

"Hatutoi sisi. Unatoa wewe, kwa sababu wewe ndiye wanayekuamini. Utawaambia hakuna tena wa kuitunza, na hilo si uongo. Ukiwa wa kwetu, hutaitunza."

"Na Carama? Ile zahanati inaishi kwa betri ya gari. Amélie muuguzi wake hajapata mshahara miezi minne."

"Waandike barua. Tutawatafutia mfadhili."

Sikuzani alijua barua za kutafuta mfadhili huishia wapi. Alikuwa amechapa nyingi. Lakini alijua pia kwamba mbele ya mlango wa darasa kulikuwa na mwalimu mwenye orodha ya wasiolipa, aliyesoma majina kwa sauti. Khadidja hakumwambia jambo hilo. Sikuzani alilisikia kwa mtoto wa jirani.

Alisaini. Maxime alimpa mkoba mweusi wenye kompyuta ya kubeba na kamera ndogo, na aliposhuka getini mlinzi yuleyule alimrudishia kitambulisho kwa mikono miwili.

*

Mwezi wa kwanza ulikuwa mzuri, na hilo ndilo lililomsumbua baadaye. Seifu alinunua bati mbili, akapanda juu mwenyewe kuzipigilia. Khadidja alirudi shule. Bibi Assia alipata dawa za presha za mwezi mzima badala ya wiki.

Kule Ngagara, mkuu wa zahanati, bwana Melchior, alifurahi mno. Wafadhili wake walilipa bila swali. Alimtaka Sikuzani awafundishe wauguzi, akaketi naye mbele, akisoma maneno kwenye skrini kama mtu anayesoma kitu cha kizungu kilichokuja na ndege.

"Tazameni," aliwaambia. "'Mgonjwa hajaonekana.' Hawakuandika 'ametoroka'. Hawa watu wa Tessandre wanajua heshima."

Neno lile Sikuzani alilipata kwa mama mkwe wake. Yeye alikuwa ameandika "ametoroka", na Bibi Assia, alipoelezwa maana, alisema mgonjwa siyo mufungwa. Sikuzani aliwatazama wauguzi wakiandika kwenye madaftari yao, akaendelea na somo.

Lakini Carnet mpya ilikuwa na kasoro moja ambayo kwa wenyewe haikuwa kasoro. Haikukubali kuungana na orodha ya zahanati isiyolipa. Zahanati saba zililipa, nyingine kwa shida. Disketi za Alhamisi zikawa za saba.

Carama alikwenda mwisho wa zote.

Amélie alimwekea kiti kivulini na kumsikiliza mpaka mwisho. Alikuwa mwanamke wa makamo, mwembamba, mwenye koti jeupe lililofuliwa hadi likaonyesha nguo ya ndani.

"Hatuna hiyo hela, Sikuzani. Unajua."

"Najua."

"Basi tuachie ile ya zamani. Haili, hainywi."

"Nilisaini, Amélie. Wanataka picha ya kila kompyuta, kwamba haimo. Wasipoiona hawanilipi, na mutoto amerudi shule juzi tu."

Amélie aliwageukia wagonjwa wake. Walikuwa wameketi kwenye benchi, wengine wamekuja na magodoro yao kutoka milimani. "Basi tuandike kwa mkono kwanza," alisema. "Tuwaandike wote."

Waliandika. Mmoja alisoma kwenye skrini, mwingine akaandika katika daftari la shule: jina, mwezi wa dawa, tarehe. Walikuwa wagonjwa mia mbili na kumi na wanne. Saa kumi wanajeshi walianza kufunga barabara, na dereva wa basi la mwisho akapiga honi. Walikuwa wamefika jina la tisini na tatu.

"Acha iliyobaki, utarudi kesho," alisema Amélie.

Picha zilitakiwa Kiriri asubuhi. Sikuzani alisimama mbele ya kompyuta, basi likipiga honi tena, kisha akaifuta Carnet na orodha yake, akapiga picha, akafunga mkoba. Amélie hakumsindikiza hadi barabarani kama kawaida yake. Na ile kesho Sikuzani hakurudi. Kulikuwa na milio ya risasi upande wa Kinama, na siku iliyofuata alijiambia kwamba Amélie bila shaka anawakumbuka watu wake.

*

Wiki tano baadaye alikuwa Ngagara akirekebisha printa, akasikia mtu akikohoa mlangoni kikohozi kirefu cha kuinama. Alikuwa Gélase, mchoma matofali wa Carama, mwanamume wa miaka thelathini na kitu. Sikuzani alimfahamu kwa sura na kwa orodha. Alikuwa mwezi wa tatu wa dawa.

"Mama wa disketi," alisema Gélase, na uso wake ukapata nafuu. "Bon. Nimepata mutu. Waambie unanijua."

Usiku wa Jumapili walikimbia mapigano, alieleza, akalala kwa shemeji yake Ngagara. Kabla ya hapo, Carama walimwambia jina lake halipo kwenye daftari. Amélie alimpa vidonge vya wiki mbili kwa kumjua tu. Kisha dawa zikaja kwa hesabu ya majina yaliyoandikwa, na zake hazikuja.

Melchior aliitwa. Alitazama skrini kwa uangalifu, akaandika jina kwa namna tatu tofauti.

"Jina lako halimo."

"Mi namujua, patron," alisema Sikuzani. "Ni mwezi wa tatu. Alianza Machi."

"Unamjua kwa kichwa. Na mimi nikiulizwa na wafadhili, nionyeshe kichwa chako?" Alisema kwa upole, mbele ya wauguzi ambao Sikuzani aliwafundisha. "Dawa ya kifua kikuu haitolewi kwa kukumbuka, madame. Wewe ndiye uliyetufundisha hivyo. Orodha ya Carama iko wapi?"

Sikuzani aliirudia printa yake.

"Alete karatasi kutoka alikoanzia," alisema Melchior, akarudi ofisini.

Gélase alitazama mlango wa ofisi, kisha Sikuzani, kama aliyengoja kufasiriwa. Alikuwa amefunga kitambaa mkononi, na alipojifuta mdomo Sikuzani aliona doa la damu. "Karatasi ya Carama," alisema. "Barabara ikifunguka nitaileta." Akamshukuru, akatoka. Sikuzani alibaki na printa iliyofunguliwa mapajani.

*

Ukweli ni kwamba orodha ilikuwepo. Nyumbani, chini ya kanga katika sanduku lake, kulikuwa na ile CD ya padri na nakala ya disketi za Alhamisi ya mwisho, zote nane. Alikuwa amemwambia Maxime hazipo. Hakujua kwa nini alizificha. Pengine kwa sababu zilikuwa kazi yake.

Alimwambia Seifu jioni ileile, wakila. Seifu aliweka tonge chini.

"Ukirudisha, watakufukuza."

"Ndiyo."

"Khadidja ana trimestre moja tu ya masomo amelipiwa."

"Najua, Baba Khadidja. Mi ndiye nililipa."

Lilimtoka vibaya. Seifu aliinamisha kichwa. Kisha alisema polepole, "Mi nilizibia watu pancha miaka miwili. Sikuwahi kukwambia inauma vipi, wewe kuniachia hela ya sukari mezani. Umepata kazi ya kweli, na mi nimepanda kwenye bati nikajisikia mwanaume, hata bati si hela yangu. Sasa unaniuliza tuteremke."

"Sikuulizi. Nakwambia kuna mutu anakohoa damu."

"Kila siku kuna mutu anakufa mu hii nchi. Ni sisi tutamaliza?"

Bibi Assia hakuingilia. Alikuwa na miaka sabini na mbili, na dawa zake za presha zilikuwa juu ya kabati, kwenye chupa mpya. Aliona ni aibu kusema lolote.

Sikuzani alisubiri. Siku ya kwanza alisema barabara imefungwa, na ilikuwa imefungwa kweli. Siku ya tatu ilifunguliwa, naye akaenda Kiriri kuchukua mshahara. Siku ya sita alimwandikia Maxime barua ya kuiombea Carama msaada, akajibiwa kwa adabu kwamba imepelekwa makao makuu. Siku ya tisa Khadidja alileta karatasi ya shule. Alikuwa wa nne darasani. Seifu aliisoma kwa sauti, alama moja baada ya nyingine, hata zile za dini. Sikuzani alikwenda uani akakaa juu ya ndoo iliyopinduliwa.

Seifu alimfuata. Alisimama nyuma yake.

"Unakwenda kesho," alisema. Haikuwa kama kuuliza.

"Nakwenda kesho."

"Nitakusindikiza. Njia ya Kinama si ya mwanamuke peke yake."

*

Amélie aliwapokea bila maneno mengi. Hakumkemea Sikuzani, na hakumfariji. Alichomeka kompyuta kwenye betri, akavuta kiti, akamwachia nafasi. Kabla ya saa sita Carnet ya zamani ilikuwa imerudi, na orodha yote, majina mia mbili na kumi na manne.

Kisha walilinganisha orodha na daftari. Watu thelathini na mmoja hawakuwa wameonekana tangu siku ile ya kufuta. Amélie aliwaandika katika karatasi moja, na mbele ya kila jina akaweka mahali pa kuishi, kama alipajua.

"Dawa zao nitaomba kwa hii orodha," alisema. "Lakini lazima wapatikane. Mi siwezi kuacha hawa wa benchi."

"Tutakwenda sisi," alisema Sikuzani.

Lakini kwanza alipanda Kiriri. Seifu alimwambia atume barua tu, akakataa. Alimwekea Maxime mkoba mweusi mezani, akamwambia alichofanya na alichokuwa amekificha. Maxime alimsikiliza akichezea kalamu.

"Ungeninyamazia," alisema mwishowe. "Nisingejua."

"Zahanati ingine zitaiomba. Mi nitawapa. Ungejua."

"Sitaita polisi, madame. Hujaiba kitu, leseni iko upande wako. Lakini tafsiri umetuuzia. Kwenye toleo jipya huna tena neno lako."

"Maneno bado nayasema," alisema Sikuzani, na hakuwa akijisifu. Alikuwa amechoka.

Kazi iliishia hapo, na mshahara haukuja tena. Ndani ya wiki mbili zahanati tatu zilizolipa kwa shida zilimwita, naye akawarudishia ile ya zamani kwa nauli yake. Melchior aliwaagiza wauguzi wake wasiingize disketi ya mtu yeyote kutoka nje. Alipokutana na Sikuzani sokoni alimsalimu vizuri sana, kama wanavyosalimiwa watu waliofiwa.

*

Walitafuta watu wa Carama siku sita, Sikuzani na Seifu, kwa miguu. Seifu alifunga kazi yake ya pancha asubuhi na kuifungua jioni. Yeye ndiye aliyeuliza njia, kwa sababu watu walimwogopa kidogo mwanamke mwenye karatasi ya majina. Katika miaka ile karatasi ya majina haikuwahi kuleta heri mlangoni. Kwa hiyo Seifu alitangulia, akawasalimu, akasema ni habari ya dawa.

Waliwapata kumi na tisa. Mmoja alikuwa akipasua kuni. Msichana mmoja alidhani ameponywa, ndiyo sababu wamemfuta. Mzee mmoja aliwafukuza, kisha akawaita. Wengine wanne walikuwa wamevuka kwenda Congo.

Siku ya sita walifika kwenye tanuri za matofali, kwa Gélase. Nyumba ilikuwa ya chumba kimoja, ya matofali mabichi. Mwanamke kijana alitoka na mtoto mgongoni. Seifu alianza salamu yake.

"Mwaramutse, mama. Tumetoka zahanati. Tunamtafuta Gélase, habari ya dawa."

Mwanamke alimtazama, kisha akamtazama Sikuzani.

"Tumemuzika Jumanne," alisema. "Jumanne ya ile wiki ingine."

Sikuzani alihesabu bila kutaka. Ilikuwa siku ya nane kati ya zile alizosubiri.

Seifu alisema maneno ya pole, yale ya Kirundi na yale ya Kiislamu, yakachanganyika. Mwanamke aliyapokea. Alieleza kwamba Gélase alikuwa amerudi kutoka Ngagara kuchukua karatasi, akakuta zahanati imefungwa kwa sababu ya risasi, na baada ya hapo hakuweza kusimama.

"Nyinyi ni wageni pale?" aliuliza. "Sijawahi kuwaona."

Seifu alimgusa mkewe kiwiko, ili waondoke. Sikuzani hakuondoka.

"Jina lake mi ndiye nililifuta," alisema. "Kwenye kompyuta. Nilikuwa nimepewa kazi. Ndiyo maana dawa zake hazikuja."

Mtoto alilia, mwanamke akamtikisa taratibu mgongoni mpaka akanyamaza. Uso wake haukubadilika kwa namna ambayo Sikuzani angeweza kuisoma. Aliingia ndani. Walimsikia akisogeza vyombo. Seifu alinong'ona, "Twende, Mama Khadidja, atatoka na panga," lakini naye hakusogea.

Mwanamke alitoka na kipande cha karatasi ya daftari kilichokunjwa. Alikifungua. Ndani kulikuwa na vidonge saba vyekundu, viwili kati yavyo vimekatwa nusu.

"Alikuwa anakula nusu," alisema, "ili zifike mpaka apate ile karatasi. Hizi zilibaki." Hakumpa Sikuzani. Alimpa Seifu, naye Seifu akavipokea kwa mikono miwili. "Muzirudishe zahanati. Na huyu mutoto ameanza kukohoa. Andikeni jina lake."

Sikuzani alitafuta kalamu. Alipiga goti pale pale kwenye vumbi la matofali, akaweka karatasi juu ya paja.

"Anaitwa nani?"

Mwanamke alilitaja jina, polepole, na akasimama juu yake akitazama mpaka lilipoandikwa lote.